Neva, Eh?

Nimerudi sasa hivi. Miguu imevimba, sijala, na cheti sina. Nilitumwa cheti cha kuzaliwa cha mpwa wangu kwa sababu baba yake yuko safari, na mama yake, mdogo wangu Chausiku, anasema foleni zinampandisha presha. Mimi yangu haipandi. Mimi nilizaliwa nayo juu.

Mtoto anaitwa Nevaeh. Usirudie kusoma, ndivyo linavyoandikwa.

Kwetu majina hayakuwahi kuwa na shida. Chausiku alizaliwa usiku, akaitwa Chausiku. Mimi nilizaliwa wakati mama hajui kesho itapikwa nini, nikaitwa Mashaka, na jina limenitumikia kwa uaminifu mpaka leo. Baadaye mambo yakatulia kidogo, akaja Riziki. Ukiyasoma majina ya watoto wa mama yetu kwa mpangilio unapata taarifa kamili ya uchumi wa nchi.

Sasa Chausiku huyohuyo kalikuta Nevaeh kwenye simu. Nikamuuliza lina maana gani, akaniambia, "Kaka, lisome kinyumenyume." Kumbe ni heaven, mbingu ya Kizungu, imegeuzwa miguu juu. Kuna mwanamuziki wa Marekani, Sonny Sandoval wa kundi la P.O.D., alimwonyesha binti yake mchanga mwenye jina hilo kwenye MTV mwaka 2000, wenzake wakapagawa. Mwaka 1999 watoto wa kike waliozaliwa Marekani nzima wakapewa jina hilo walikuwa 8. Wanane! Hao unawapakia kwenye Noah moja na konda anabaki analalamika gari tupu. Mwaka 2005 jina likashika nafasi ya 70, na mwaka 2010 likafika ya 25. Shemeji yangu anasema wamelichagua kwa sababu ni adimu. Adimu Mbagala labda.

Mama yetu alipoambiwa jina la mjukuu alisikia "nivae". Akauliza, "Uvae nini tena, mwanangu? Mtoto hana nguo?" Mpaka leo Chausiku akimwita mwanawe, bibi analeta soksi.

Basi, dirishani. Nimepanga mstari tangu jua halijatoka, nimevaa shati la Idi, maana ofisini mtu anatazamwa kola kwanza. Nyuma ya kioo kakaa dada mmoja, kifuani kabandikwa VANESSA. Nikamsalimia kwa heshima zote, kama mtu anayekwenda kuposa.

"Jina la mtoto?"

"Nevaeh."

"Neva, eh?"

"Nevaeh."

"Nimeshasikia Neva. La baba?"

"Hapana, dada yangu, hiyo 'eh' imo kwenye jina."

Akaacha kuandika. Akanitazama kama nimemwomba aandike na kikohozi. Nikampa kikaratasi cha hospitali kupitia kale kashimo. Akakisoma, akakisogeza mbali, akakisogeza karibu.

"Neva, E, H. Hiyo E ni nani na H ni nani? Vifupisho haturuhusu, mzee. Jaza majina kamili."

"Siyo vifupisho. Ni jina moja."

"E ni Elizabeth?"

"Dada, ni jina moja, linasomwa kinyumenyume."

Hapo nilijichimbia kaburi. Neno "kinyumenyume" lilisikika mpaka mwisho wa foleni. Mama mmoja wa makamo, kajifunga kanga mbili, akasema kwa sauti ya mtu anayetoa ushahidi kwamba mambo ya kinyumenyume yanafahamika ni ya nani, na hao huwa hawapangi foleni mchana. Watu wakanipisha kidogo. Siku nzima hakuna aliyenipisha, ila kwa uchawi nikapata nafasi ya kunyoosha mikono.

Kijana aliyekuwa nyuma yangu akaanza kulipindua jina lake. Anaitwa Ali. Akapata Ila. Akanyamaza, kwa kweli alinyamaza kabisa, nikamwonea huruma. Dada mwingine anaitwa Neema, akaandika kiganjani kwa kalamu, akasoma kutoka nyuma: Ameen. Foleni nzima ikaitikia "Amina!" Mama wa kanga mbili akafuta kauli yake ya uchawi, akataka na lake lipinduliwe, ila yeye ni Mwanahamisi na kiganja hakikutosha. Mtu akauliza kwa nini wasingepindua mbingu ya Kiswahili. Tukajaribu. Mbinguni inakuwa Inugnibm, hiyo hata daktari wa meno hawezi kuitamka. Peponi inakuwa Inopep, dawa ya minyoo kabisa, kutwa mara mbili baada ya chakula.

Hapo tulikuwa tunaenda vizuri. Hata Vanessa alikuwa ametabasamu na kaandika herufi nne za mwanzo. Ningetoka na cheti.

Akajitokeza mzee mmoja, mwalimu mstaafu, wale wanaosahihisha mpaka tangazo la msiba. Akasema, "Msimshangae huyu bwana. Majina ya kutunga hayakuanza leo. Jessica mnaemjua nyie ametoka kwenye tamthilia ya Shakespeare, ileile aliyoitafsiri Mwalimu Nyerere mwaka 1969, Mabepari wa Venisi." Watu wakatikisa vichwa, Mwalimu akishatajwa nani atabisha. Ningekuwa karibu ningemziba mdomo, maana nilimwona macho yake yanatembea polepole kuelekea kile kibandiko cha kifuani.

"Hata Vanessa," akasema. "Hilo lilitungwa na Jonathan Swift, mwandishi wa Ayalandi, karne ya 18. Alikuwa na rafiki yake, Esther Vanhomrigh. Akachukua Van ya ukoo, akaongeza Essa kutoka Esther, akaunga. Kama kina Chausiku tu."

Kimya.

"Jina langu nimebatizwa nalo," akasema Vanessa.

"Ubatizo sikatai, binti yangu. Nazungumzia chanzo."

"Mzee, unasema mimi ni rafiki wa mtu?"

Mwalimu akafungua mdomo aeleze. Mimi nikampigia magoti kwa macho. Akaeleza. Akaeleza mpaka jina la shairi. Vanessa akasikiliza mpaka mwisho, akafunika kalamu, akatazama kompyuta iliyokuwa inawaka vizuri kabisa, akasema, "Mtandao umekata. Mrudi Jumatatu."

Sasa nawauliza ndugu zangu, aliyelala kitandani anapekua simu akatafuta jina la kinyumenyume, kwa nini asilipeleke yeye dirishani? Wanaotunga hawapangi foleni! Huyu mtoto ataitwa darasani, ataitwa zahanati, ataitwa kituo cha kura, na kila mahali atatakiwa kuieleza hiyo "eh", na mama yake atakuwa kwenye maombi ya presha. Nimempigia Chausiku kumweleza. Swali lake la kwanza: "Lakini H umehakikisha iko mwisho?" Nikakata simu. Salio lenyewe lilikuwa la kukopa.

Wakati huo mtaani tayari wanamwita Mama Neva. Muuza mchicha anamwita Mama Never. Fundi bomba yeye kaona asijisumbue, anasema Mama Mtoto.

Na bado. Nimekuta nimeingizwa kwenye kundi la simu, Nevaeh anatimiza mwaka mwezi ujao, kuna kamati, kuna mweka hazina, na mchango wa mjomba umeshapangwa bila mjomba. Sare ni rangi ya pichi. Mimi, Mashaka, pichi! Nimepita Karume kwenye mitumba, yule kijana akaniapia kwa mama yake kwamba shati hili ni pichi halisi. Mke wangu kaliweka kwenye mwanga wa dirisha, anasema hii ni rangi ya kamba wa kuchemsha, halafu mbona vifungo viko upande wa kushoto na kuna pensi mbili kifuani. Nimelivaa hata hivyo kulijaribu. Linanikaa vizuri mabegani.