Carol Haney si mguu ulioumia tu

Kisa cha mwigizaji Shirley MacLaine kuingia Hollywood huanzia kwenye mguu wa mtu mwingine. Mwaka 1954, mcheza dansi mmoja wa The Pajama Game, mchezo wa kuimba na kucheza pale Broadway, mtaa wa maigizo wa New York, aliumia kifundo cha mguu. MacLaine, aliyekuwa akiba yake, akapanda jukwaani, mtayarishaji wa filamu Hal Wallis akamwona, mambo yakamnyookea. Kisa ni kitamu na ni cha kweli. Kinachoniudhi ni kwamba aliyeumia hutajwa kama ngazi tu, wengine hata jina lake hawalisemi. Ni Carol Haney.

Haney alizaliwa New Bedford, Massachusetts, mwaka 1924. Alicheza dansi chini ya mtunzi wa miondoko Jack Cole, kisha akawa msaidizi wa Gene Kelly, nyota wa filamu za dansi, kwenye studio ya filamu ya MGM. Ndiyo kazi inayomeza watu: unazijaribu hatua kabla ya nyota, unazikariri, unawafundisha wengine, halafu kamera ikiwaka unakaa pembeni. Katika filamu ya Singin' in the Rain (1952), Kelly alimtaka acheze naye ile sehemu ndefu ya dansi kuhusu Broadway, lakini studio ikamchukua mcheza dansi Cyd Charisse. Charisse alicheza vizuri mno, sibishi. Lakini Haney aliijua kazi ile kuliko yeyote.

Mwaka uliofuata, katika filamu ya Kiss Me Kate, alipata nafasi fupi sana ya kucheza na kijana Bob Fosse, mcheza dansi. Fosse hakumsahau. Alipopewa kutunga miondoko ya The Pajama Game, kazi yake ya kwanza ya aina hiyo Broadway, Haney ndiye aliyewekwa katikati ya dansi ya "Steam Heat": watu watatu, suti nyeusi, kofia za mviringo, mabega yamekunjwa, magoti yameingia ndani. Kinachonishangaza hapo ni ucheshi wake. Mwili umebana kama chemchemi, kila kiungo kina saa yake ya kutoka, na uso unafurahi bila kuomba makofi. Wengi husema huo ni mtindo wa Fosse. Mimi nasema mtindo ule ulihitaji mwili wa mtu aliyekwishapita kwa Cole na kwa Kelly, na Fosse alimpata tayari.

Tuzo ya Tony, ya maigizo ya Broadway, aliipata kwa kazi hiyo mwaka 1955. Baadaye aligeukia kutunga miondoko mwenyewe, ya michezo ya jukwaani: Flower Drum Song mwaka 1958, na Funny Girl, iliyofunguliwa Machi 1964 mwimbaji Barbra Streisand akiwa mbele. Mwezi Mei mwaka huo huo Haney akafariki, akiwa na miaka 39 tu.

Bahati nzuri "Steam Heat" imo kwenye filamu ya The Pajama Game ya mwaka 1957, na anayeicheza ni Haney mwenyewe. Anayetaka kunibishia aitazame kwanza, kisha aniambie kama huyu ni mtu wa kutajwa kwa sababu ya kifundo cha mguu.