Mtatuchorea Ghaibu kwa Mapambo Mpaka Lini?

Nimemaliza riwaya nyingine ya wachora ramani za ghaibu, na nina hasira. Mnaijua aina hii: mwanafunzi mwenye kipaji, mwalimu mkali, jumba ambalo vyumba vyake vinahama usiku, na elimu ya siri ya kuvinasa vyumba hivyo kwa alama. Hadithi ikifika pagumu, kijana anachora duara, anaweka kijipembe hapa na kijimkia pale, alama inawaka buluu, mlango unafunguka. Kwa nini umefunguka? Kwa sababu alama imewaka. Kwa nini imewaka? Kwa sababu kurasa zimebaki chache.

Taa ya ukutani nayo huwaka, wala hatuiiti elimu.

Kinachoniuma ni kwamba mfano mzuri upo siku zote. Tazameni ramli, ule uaguzi wa kuchapa nukta. Mimi siamini kwamba nukta zinaijua kesho yangu, tuelewane. Lakini walioitunga walikuwa na akili kuliko hawa wa buluu. Kila umbo lina mistari minne, kila mstari una nukta moja au mbili, basi. Yanatoka maumbo 16, na la 17 hulipati hata ukilia. Moja, moja, moja, moja ni njia: Waarabu huliita Tariq, Walatini waliliita Via. Moja, mbili, mbili, moja ni Carcer, yaani gereza, na ukilitazama unakiona kabisa chumba kilichofungwa juu na chini. Hizo tayari ni alama za ramani, zinaokotwa bure.

Tena zina kanuni. Maumbo manne ya mwanzo, wanaoitwa mama, hupatikana kwa kuchapa nukta haraka bila kuhesabu, kisha kuzifuta mbilimbili mpaka ibaki moja au mbili. Kuanzia hapo mkono wako hauna hiari tena. Mistari ya kwanza ya mama wote wanne inamzaa binti wa kwanza, ya pili inamzaa wa pili, hivyo hivyo mpaka wa nne. Kisha maumbo yanajumlishwa mawili mawili, mstari kwa mstari: jumla ikiwa witiri unaweka nukta moja, ikiwa shufwa unaweka mbili. Chukua moja, mbili, moja, moja. Jumlisha na mbili, mbili, moja, mbili. Unapata moja, mbili, mbili, moja. Gereza! Hukulichagua, na huwezi kulibadilisha kwa sababu tu hadithi inakwenda vibaya.

Unaendelea kujumlisha mpaka yanabaki maumbo mawili yanayoitwa mashahidi, na hao wanamzaa hakimu, umbo la 15 katika hesabu hiyo. Hapa ndipo ninapowavulia kofia. Nukta za hakimu lazima ziwe shufwa, daima, kwa sababu mabinti ni nukta zilezile za mama zilizogeuzwa upande, kwa hiyo kila nukta imeingia hesabuni mara mbili. Ni maumbo manane tu yanayoweza kukalia kiti hicho. Hakimu akitokea na nukta tano au saba, umekosea njiani. Rudi ukaanze.

Haya, makosa mawili yanaweza kufichana na hakimu asishtuke. Nakubali, shingo upande. Na kosa likitokea mwanzoni kabisa, kwa mama, halionekani kamwe. Lakini si ndiyo tamu yenyewe? Hesabu imenyooka, hakimu ametulia, ramani ni safi, na jumba lililochorwa ni jingine. Niandikieni hiyo, nitainunua siku inapotoka.

Hata mwanahistoria Ibn Khaldun, aliyeikataa ramli katika kitabu chake Muqaddima cha mwaka 1377, alijisumbua kueleza kanuni zake. Kijimkia cha buluu nani atahangaika kukipinga?

Kuhusu nani asome ramani, wapo Waluba wa Kongo na lukasa yao, ubao wa shanga unaopapaswa kwa ncha ya kidole na watu waliofundwa kazi hiyo. Kuhusu kubeba, mabaharia wa Visiwa vya Marshall waliunda ramani za vijiti kuonyesha mawimbi yanavyopinda karibu na visiwa, wakazihifadhi kichwani, vijiti wakaviacha nchi kavu. Mchora ghaibu wenu anakwenda na karatasi mkononi mpaka kwenye tundu la joka.

Najua mtaniambia ni hadithi tu, niwaache watu wafurahi. Sawa, alama nzuri hufurahisha jicho, na si kila msomaji anataka hesabu kabla ya kulala. Lakini mimi nataka kuogopa, jamani. Nitamwogopeaje mtu ambaye kalamu yake haikosei? Nipeni msichana aliyepiga magoti sakafuni, anahesabu upya kwa kidole kinachotetemeka, hakimu wake ana nukta saba, na ukuta nyuma yake umeshaanza kusogea.

Halafu jedwali la alama liwekwe mwanzoni mwa kitabu. Huyu bingwa wangu wa safari hii ameliweka ukurasa wa mwisho, baada ya kumshukuru paka wake.