Kalenda ya mafundi: mwaka uhesabiwe kwa kazi au kwa namba?

Kuna stori ya fantasi naandika na binamu yangu, sasa hivi ina kama mwaka na nusu, na kitu kilichotugombanisha kuliko vyote si vita wala uchawi, ni kalenda. Dunia yetu ni ya mafundi, wahunzi, wafinyanzi, wasusi, mafundi wa majahazi, na mimi nilitaka mwaka wao usiende kwa Januari Februari, uende kwa kazi: Mwezi wa Mkaa, Mwezi wa Udongo, Mwezi wa Nyundo, Mwezi wa Kalafati (kuziba nyufa za chombo), halafu mwisho wa mwaka mji mzima unazima moto siku tano ndo unawashwa upya. Binamu yangu anasema huo ni urembo tu, msomaji atachoka, weka mwezi wa kwanza, wa pili, wa tatu, watu waelewe tuendelee na stori.

Nimelifikiria sana hili na naona kabla ya kubishana tuangalie watu halisi walioishi na kalenda za namna hii.

Wafaransa walijaribu kabisa. Mwaka 1793, baada ya mapinduzi, waliitupa kalenda ya zamani wakaja na miezi 12 ya siku 30, wiki ya siku 10, na siku 5 za ziada mwishoni, 6 kwa mwaka mrefu. Na kila siku ikapewa jina la kitu, nyingi mimea, ila kila siku inayoishia na 5 ni mnyama na kila inayoishia na 0 ni kifaa cha kazi. Chukua ule mwezi wa kuvuna zabibu: siku ya 10 ni pipa kubwa la kuchachushia, ya 20 ni mashine ya kukamulia, ya 30 ni pipa la kuhifadhia. Yaani siku tatu tu na kazi nzima ya divai imepita mbele yako kwa mpangilio wake, na kifaa cha kwanza cha mwezi unaofuata ni plau. Mimi nikisoma hivyo nasema basi, hapa binamu kashindwa.

Ila kalenda yenyewe haikufika mbali, Napoleon akaifuta kuanzia tarehe 1 Januari 1806, na sababu mojawapo ni kwamba mtu wa kazi aliyekuwa anapumzika siku moja kati ya 7 akaambiwa sasa apumzike moja kati ya 10. Fikiria hilo, kalenda inayosifia jembe na plau halafu anayelishika hilo jembe ndo imemnyima mapumziko. Majina ya miezi alitunga mshairi, Fabre d'Églantine, akafuata hali ya hewa ya Ufaransa, sasa mtu wa kisiwa cha Réunion huku Bahari ya Hindi mwezi wa theluji unamwambia nini? Hapo binamu yangu ana pointi na siwezi kuikwepa.

Anayo na nyingine. Misri ya kale mwaka uligawanywa majira matatu, mafuriko ya Nile, kuota kwa mimea, na mavuno, mpangilio safi wa mkulima. Lakini mwaka wao ulikuwa siku 365 kamili bila siku ya nyongeza, kwa hiyo kila baada ya miaka 4 unateleza siku moja, na karne zikipita unakuta kalenda inasema mafuriko na mto umepungua. Jina la kazi likishapigwa muhuri linaweza kubaki linasema uongo.

Sasa tuje kwetu, maana jibu naona liko mwambao. Manahodha na wakulima wa pwani walikuwa na mwaka wao wa Nairuzi, siku 365, umekatwa mafungu ya siku 10 yanayoitwa miongo, na Makunduchi, Unguja, mpaka leo kila Julai wanauadhimisha kwa sherehe ya Mwaka Kogwa. Hawakuupanga hivyo kwa urembo. Mwaka wa mwezi mwandamo ni mfupi kwa siku kama 11, hauwezi kukwambia kaskazi inaingia lini au mbegu uzipande lini, wakati jahazi likikosa upepo limekosa safari. Kwa hiyo watu walishika kalenda mbili bila shida yoyote, ya mwezi kwa kufunga na Idi, ya miongo kwa bahari na shamba. Na hata ile ya mwezi waliihesabu kwa namba, Mfunguo Mosi, Mfunguo Pili mpaka Mfunguo Tisa, namba kabisa kama anavyotaka binamu yangu, ila hesabu inaanzia pale watu walipofungua baada ya Ramadhani.

Hata leo, mama anayelima mwani Paje au Jambiani anaishi kwa mwaka wa ukutani na wa maji pia. Kazi yake inafuata bamvua, maji yakitoka mbali anaingia na kamba zake na vigingi, anainama anafunga kipande kimoja kimoja mpaka maji yaanze kurudi, na yakiwa maji mafu mambo ya shamba yanasubiri, iwe Jumatatu iwe Ijumaa.

Kwa hiyo msimamo wangu umebadilika kidogo. Kazi ipewe mwezi pale tu ambapo haiwezi kufanyika wakati mwingine. Mfinyanzi anaogopa mvua, chungu hakikauki, basi Mwezi wa Udongo ni halali. Fundi wa majahazi anapata vyombo pale kusi inapokaza na vinapandishwa pwani, ndo wakati wa kupiga kalafati na kupaka sifa (mafuta ya samaki), huo nao una haki. Lakini mhunzi anagonga chuma mwaka mzima, Mwezi wa Nyundo niliuweka kwa sababu unasikika vizuri, na nimeufuta. Na karani wa soko apewe namba zake za kuandikia madeni, kalenda mbili zitembee pamoja, hapo binamu yangu amekubali.

Kilichobaki ni zile siku tano za kuzima moto, ambazo waliziamua wahunzi. Binamu yangu ameniuliza mfinyanzi mwenye vyungu ndani ya tanuri, vimebakiza usiku mmoja kuiva, akigongewa mlango aambiwe mwaka umeisha azime, atafanya nini. Sasa hivi naandika sura hiyo, na huyo mama mfinyanzi hajafungua mlango.