Wema Sepetu na taji lisilovulika

Enzi za maduka ya kukodisha CD, pale mtaani kwetu Magomeni, wateja wengi hawakuwa na habari na jina la filamu. Mtu anainamia kioo cha kaunta, anapitisha macho kwenye makava, kisha anasema, "Nipe hiyo ya Wema." Muuzaji anatoa iliyotoka karibuni, sehemu ya kwanza na ya pili zimefungwa pamoja kwa raba bendi, anaandika jina lako kwenye daftari, mmemalizana. Kesho yake ukirudisha, stori ni za Wema tu: kavaa nini, kasuka nini, lile gari ni lake au la kuazima. Mhusika aliyemcheza hana hata jina.

Huwa nakumbuka kaunta ile kila ubishi wa zamani unapofufuka: Wema Sepetu ni mwigizaji kweli, au ni mrembo tu aliyekutana na kamera?

Wanaombeza wana hoja, tusijifanye hawana. Mwaka 2006 alivikwa taji la Miss Tanzania, akaenda kutuwakilisha Miss World kule Warsaw, Poland, na haikuchukua muda akawa mbele ya kamera na Steven Kanumba, nyota wa filamu za Bongo, katika filamu ya A Point of No Return. Katikati hapo hakupita popote. Kanumba mwenyewe na waigizaji wenzake Ray na Johari walikuwa wametoka Kaole, kundi lililokuwa likicheza maigizo ITV, ambako mtu anaonekana wiki hadi wiki, anakosea, anataniwa mtaani, anarudi kujaribu tena. Mwigizaji mwingine, Lulu, alianza akiwa mtoto mdogo. Kwa waliopita njia hiyo, kumwona binti anatua moja kwa moja kwenye nafasi ya mhusika mkuu ilikuwa kama kusimama kituoni tangu alfajiri halafu unamwona mwenzako anaingia kwenye daladala kwa dirishani na kupata siti.

Wanaomtetea nao wanauliza: dirisha lilifunguliwa na nani? Wasambazaji wa Kariakoo walikuwa wananunua filamu kwa kuangalia nani yupo kwenye kava. Prodyuza aliyekopa hela ya kushuti hakuwa na ubavu wa kuweka pale sura isiyojulikana, hata kama mwenye sura hiyo analia mpaka jirani anakuja kuuliza kuna msiba gani. Isitoshe, Wema hakukaa nyumbani kusubiri simu. Alianzisha kampuni yake, Endless Fame, na mwaka 2012 akamleta mwigizaji Omotola Jalade-Ekeinde kutoka Nigeria kuja Dar kwenye uzinduzi wa filamu yake, Superstar. Watu wakasema mbwembwe. Mimi nilidhani, na bado nadhani, kwamba biashara iliyokuwa ikitoa filamu kama maandazi ya asubuhi ilihitaji mtu wa kuifanya filamu moja iwe tukio. Ingawa jina lile, Superstar, nalo lina lake la kusema. Ukiwa na mtu kama Wema kwenye kava, filamu inakuwa inamhusu yeye hata kabla hujaibonyeza.

Na hapo ndipo mimi ninapoachana na pande zote mbili kidogo. Wanaombeza wanasema taji lilimpa asichostahili. Wanaomtetea wanasema taji lilimpa nafasi akaitumia. Nionavyo mimi, taji lilimpa kazi moja, filamu ikampa nyingine, na kazi hizo mbili hazikai chungu kimoja.

Fikiria kambi ya warembo inafundisha nini. Kutembea, kukaa, kutabasamu hadi mashavu yanauma, kujibu swali la jaji kwa sekunde chache bila kumuudhi mtu yeyote ukumbini. Ni kazi kweli, na wanaoidharau wajaribu kusimama na viatu vile saa tatu. Lakini shabaha yake ni moja: upendwe na ukumbi mzima kwa wakati mmoja. Mwigizaji anatakiwa aweze kuchukiza. Atoke makamasi. Awe mwongo, mchoyo, mama wa kambo, na mtazamaji atamani kuingia kwenye runinga amzabe kibao.

Sasa angalia sini ambazo kila mtazamaji wa Bongo Movie anazijua. Mwanamke anaamka asubuhi, kope za bandia zipo palepale, lipstiki haijaguswa na mto. Mgonjwa mahututi amelazwa, wigi limenyooka kama katoka saluni dakika tano zilizopita. Analia, halafu anapangusa chozi kwa ncha ya kidole, taratibu, asiharibu mekapu. Haya si ya Wema peke yake, tasnia nzima ilikuwa hivyo na kwa sehemu bado ipo hivyo. Lakini kwa mwenye taji mambo yanakuwa mazito zaidi, maana kile ambacho chozi linaweza kukiharibu ndicho hasa prodyuza alichokilipia.

Mtu ataniambia: mbona India wamewezana? Kweli. Aishwarya Rai alikuwa Miss World mwaka 1994, na mwaka 1997 akaanza na filamu ya Kitamil chini ya Mani Ratnam. Ila sauti iliyosikika kwenye filamu ile haikuwa yake, iliingizwa na mtu mwingine. Yaani walimshika mkono. Walimpa mwongozaji mzito, wakamfunika pale alipokuwa hajakomaa, akakua. Kwetu sauti ni ileile iliyonaswa siku hiyohiyo, pamoja na bodaboda iliyopita nyuma ya geti, na filamu nzima imeshutiwa kwa siku zinazohesabika. Msichana wa Warsaw na msichana wa Kaole wote wanatupwa majini. Tofauti ni kwamba wa Kaole ameshameza maji huko nyuma.

Kinachonifanya nisimalizane na swali hili ni mwaka wenyewe, 2006. Katika mashindano yale alikuwemo pia Jokate Mwegelo. Irene Uwoya naye alikuwemo. Wote watatu wakaishia kwenye filamu. Jokate alipita huko, akafanya na mengine, na mwaka 2018 akateuliwa kuwa Mkuu wa Wilaya ya Kisarawe. Leo ukimtaja, wengi wanafikiria siasa kwanza. Irene aliingia na kina Kanumba na Ray katika filamu ya Oprah na akabaki humo, na kwa jicho langu yeye ndiye aliyekuwa tayari zaidi kucheza mwanamke asiyependeka. Je, ni kipaji tu? Inawezekana. Lakini siachi kuona kwamba wale wawili hawakubeba taji lenyewe. Aliyelibeba ndiye ambaye hakuruhusiwa kulitua.

Maana hata alipojaribu mengine, lilimfuata. Mwaka 2015 aligombea viti maalum kupitia CCM mkoani Singida, kura hazikutosha. Mwaka 2017 akahamia Chadema, na kabla mwaka haujaisha akarudi. Magazeti ya udaku yalikuwa yameshamfanya mradi wa kudumu: mapenzi yake, uzito wake, hamu yake ya kupata mtoto, jambo ambalo kwa mwanamke mwingine shangazi angelizungumza chumbani kwa sauti ya chini. Julai 2018 Mahakama ya Kisutu ikamtoza faini ya shilingi milioni 2 kwa kosa la kukutwa na bangi. Oktoba mwaka huohuo zikasambaa mtandaoni video zake za faragha, akaomba radhi hadharani, na Bodi ya Filamu ikamfungia.

Hapo nisimame kidogo. Waliounga mkono adhabu ile walisema msanii ni kioo cha jamii, wadogo zetu wanamtazama. Naelewa, nina wadogo zangu pia. Lakini kosa halikuwa kwenye filamu. Hakuna sini iliyokosewa. Alinyang'anywa kazi ya kuigiza kwa kushindwa kazi ya kuwa mrembo wa taifa, miaka 11 baada ya kukabidhi taji kwa mwenzake. Na kilichoniuma zaidi ni kwamba ni mwaka huohuo, 2018, ambapo filamu yake Heaven Sent ilikuwa imempa tuzo kwenye tamasha la Sinema Zetu. Muulize mtu yeyote barabarani anakumbuka nini kuhusu Wema wa 2018, uone kama ataitaja tuzo.

Sisemi hana mkono wake katika haya. Umaarufu ule aliulisha mwenyewe pia, akafungua milango ya nyumba yake kwa kamera, akaachia mashabiki wa Timu Wema wapigane vita mitandaoni ambazo hazikumwongezea hata sini moja nzuri. Ukiwauzia watu maisha yako kila siku, usishangae wakikosa hamu ya kununua ya kubuni. Hilo ni lake, si la prodyuza wala la gazeti.

Lakini ana kitu ambacho darasa halitoi: ukimweka kimya kwenye fremu, jicho halimwachi. Tatizo ni kwamba wanampa maneno mengi na nguo nyingi. Ningependa mwongozaji mmoja mkorofi amchukue, amfute uso kwa kitambaa chenye maji, amvalishe kanga iliyopauka, amkalishe kwenye kigoda uani akimdhulumu mdogo wake urithi wa nyumba ya marehemu baba yao huku anamenya vitunguu. Na kwenye bango asiwepo kabisa. Maduka ya CD yamekufa siku nyingi, lakini bado nangoja mtu aniulize: "Yule mama mbaya kwenye ile filamu, anaitwa nani vile?"