Acheni kusema "ndo damu yao"

Huku Tabora mtoto akizaliwa mdogo mdogo au akawa anaumwa umwa, utasikia "ndo damu yao hiyo, ukoo mzima wako hivyo", na mada inafungwa. Mi naona hiyo kauli inawaonea sana wakina mama. Kurithi jeni (yale maelekezo ya kujenga mwili tunayopata kwa wazazi) sio habari yote, kuna na suala la jeni ipi imewashwa na ipi imezimwa.

Ushahidi tunao porini hapahapa. Nenda Sikonge kwa warina asali, mwombe mzee akuonyeshe sega la majana, yaani watoto wa nyuki. Utaona vijumba vya pembe sita vimejaa majana ya wafanyakazi, alafu pembezoni kuna kimoja kirefu kinaning'inia kama ganda la karanga, humo ndo anakuzwa malkia. Na yai ni la aina ileile kabisa! Mwanzoni wote wanalishwa maziwa ya nyuki, baada ya siku kama 3 mfanyakazi anabadilishiwa, anachanganyiwa asali na chavua, malkia anaendelea na maziwa yaleyale tena kwa wingi, basi anatoka mkubwa, anataga, anaishi miaka wakati wenzake wanaishi wiki au miezi tu.

Chakula kinafikaje kwenye jeni? Kuna vimolekuli vinaitwa methili, kimeng'enya (protini inayofanya kazi za kikemia mwilini) kinavibandika kwenye DNA, ule uzi unaobeba jeni, na vinabadilisha jinsi jeni inavyosomwa. Mwaka 2008 wanasayansi wa Australia walizima hicho kimeng'enya kwenye majana, na wengi wakatoka na umbo la malkia bila kulishwa kimalkia.

Kwa binadamu je? Uholanzi walipigwa na njaa kali 1944-45, watu ambao mimba zao zilitungwa kipindi kile walipopimwa miaka kama 60 baadae walikutwa na methili pungufu kwenye IGF2, jeni ya ukuaji. Sisemi kila kitu kinafika kwa wajukuu, alama nyingi za methili zinafutwa mimba inapotungwa. Ila mwili unatumia foleti, aina ya vitamini, kutengeneza methili, na foleti iko kwenye maharage, matembele, na vile vidonge vya kuongeza damu vya kliniki.

Kwaiyo wakina baba, hela ya tumbaku ikitoka, mboga na maharage ya mjamzito yatangulie, bati na pikipiki baadae.