Arubuni Imetolewa, Salio Limechelewa: Je, Mkataba Uvunjwe?

Chukulia nyumba ya Mtopanga inauzwa kwa shilingi milioni 8. Mnunuzi ametoa arubuni ya asilimia 10, yaani laki nane, na kuahidi kumaliza salio katika siku 90. Siku ya tisini inafika na mkopo wake wa benki haujatoka. Muuzaji anampokea laki tatu mwezi huu na laki mbili mwezi unaofuata, bila kuandika lolote, na mwaka mmoja baadaye, bei za ploti zikiwa zimepanda, anasema mkataba ulikufa siku ile ya tisini. Migogoro ya namna hii ni ya kawaida mno Mombasa, na ingawa huzungumzwa kana kwamba kiini chake ni kuchelewa, naona kiini ni kile anachokifanya muuzaji baada ya tarehe kupita.

Haki ya muuzaji si ndogo. Tangu alipotia saini hawezi kumuuzia mtu mwingine, na huenda yeye mwenyewe ametoa arubuni kwingine akitegemea fedha hizo. Tarehe isiyo na matokeo yoyote ni ombi tu. Msimamo mkali zaidi ninaoufahamu ni wa Baraza la Faragha la London, ambalo mwaka 1997 lilikuwa bado mahakama ya mwisho ya rufaa kwa Hong Kong. Mnunuzi wa fleti alitakiwa kulipa kabla ya saa kumi na moja jioni, na mkataba ulitamka wazi kwamba muda ni sharti la msingi. Alichelewa dakika 10, akapoteza fleti pamoja na arubuni ya asilimia 10. Majaji waliona kwamba katika biashara ya majengo, uhakika una thamani kuliko huruma inayopimwa baadaye mahakamani.

Hapa Kenya mkondo ni wa upole kidogo. Mikataba mingi huingiza masharti ya mauzo ya Chama cha Wanasheria, ambayo humtaka anayelalamika ampe mwenzake notisi ya siku 21 ya kukamilisha kabla ya kuvunja mkataba. Lakini anayetoa notisi sharti awe yeye mwenyewe tayari kukamilisha, na hapo ndipo wauzaji wengi hukwama. Mara ngapi hatimiliki imebaki kwa jina la marehemu babu, huku mirathi ikiwa bado kwa Kadhi? Mara ngapi reti za kaunti, yaani kodi ya ardhi, hazijalipwa? Muuzaji ambaye hana hati za kukabidhi hawezi kumlaumu mwenzake kwa kutoleta salio, hata kama kalenda imepita.

Kama mnunuzi amekwisha kuingia ndani ya nyumba, ulinzi wake ni mkubwa zaidi. Kifungu cha 39 cha Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 kinamtaka muuzaji anayevunja mkataba aichukue tena mali kwa amani au kwa amri ya mahakama, nayo mahakama inaweza kumpa mnunuzi nafuu. Kubadilisha kufuli usiku, au kumtuma dalali na vijana kutoa vyombo nje, si njia ya sheria. Naona ulinzi huu ni wa haki, kwa kuwa mtu aliyehamia huwa ameezeka paa na kuchimba kisima kwa imani kwamba nyumba ni yake.

Kuna jambo linalotugusa zaidi sisi wa Pwani, nalo ni riba. Mikataba ya kawaida humtoza mchelewaji riba juu ya salio, lakini Waislamu hawakikubali kifungu hicho, na Sura ya al-Baqara, aya ya 280, inaagiza mdaiwa mwenye dhiki apewe muda mpaka afarijike. Aya hiyo haimpi nafasi mwenye uwezo anayezungusha fedha, na Sura ya al-Maida hufunguka kwa amri ya kutimiza ahadi. Tatizo ni kwamba kifungu cha riba kikiondolewa bila badala yake, muuzaji hubaki na njia mbili tu: kungoja bure, au kuvunja. Ingefaa waandishi wa mikataba waweke fidia ya hasara halisi inayothibitika, kwa mfano kodi anayolipa muuzaji anapoishi kwa muda, ili subira isimgharimu yeye peke yake.

Sheria hutaka mkataba wa ardhi uandikwe, utiwe saini na ushuhudiwe, lakini muda wa nyongeza hutolewa kwa mdomo tu, mlangoni mwa msikiti au kwenye simu. Kwa hiyo mnunuzi anayepewa wiki nne zaidi aombe ziandikwe siku hiyo hiyo, na muuzaji anayepokea malipo baada ya tarehe aseme kwenye risiti kama anaongeza muda au anahifadhi haki yake. Akinyamaza na kuendelea kupokea, sioni kwa nini mahakama imruhusu kuirudia tarehe ya kwanza kwa sababu tu soko limepanda. Ampe kwanza notisi mpya yenye siku za kutosha.

Na notisi ikipita bila malipo, muuzaji avunje mkataba kwa utaratibu, abaki na arubuni ikiwa mkataba unamruhusu, na arudishe zile laki tano alizopokea juu yake.