Kifafa sugu kwa watoto: tunangoja dawa ya ngapi?

Mzazi wa mtoto mwenye kifafa akisikia neno upasuaji wa ubongo, jibu la kwanza huwa: tujaribu kwanza dawa nyingine. Madaktari wengi nao humuunga mkono. Hoja hiyo ina uzito, nami nitaifikia. Lakini naona upasuaji unahukumiwa kabla haujasikilizwa, hasa pale chanzo cha kifafa kinapokuwa ubongo uliojengeka kombo tangu tumboni.

Seli za neva huzaliwa ndani kabisa ya ubongo, kisha husafiri kwenda juu na kujipanga tabaka kwa tabaka kwenye gamba lake. Nyingine hukwama njiani. Nyingine hufika zikiwa kubwa kupita kiasi, zisizo na umbo wala mpangilio. Mwaka 1971 daktari David Taylor na wenzake wa London walieleza kasoro hiyo baada ya kuchunguza vipande vya ubongo vilivyotolewa kwa wagonjwa wa kifafa waliopasuliwa, na leo inaitwa displasia ya gamba la ubongo. Kwa baadhi ya watoto hutokana na badiliko la jeni lililotokea katika seli chache za ubongo mimba ikiwa bado inakua. Wazazi hawana badiliko hilo, na kipimo cha damu ya mtoto chaweza kutoka safi. Hapo hakuna wa kulaumiwa, si mama wala ukoo.

Dawa hutuliza umeme wa seli hizo, lakini haiwezi kuzipanga upya. Huko Glasgow, Uskoti, madaktari Patrick Kwan na Martin Brodie walichapisha mwaka 2000 habari za wagonjwa 470 waliokuwa hawajawahi kutibiwa. Dawa ya kwanza iliwatuliza 222. Ya pili au ya tatu ikaongeza 67. Kuchanganya dawa mbili kukaongeza 12 tu. Ndiyo maana tangu 2010 kifafa huitwa sugu pale dawa mbili zilizochaguliwa vizuri zinaposhindwa.

Kisha kuna New Delhi, India. Utafiti wa huko wa mwaka 2017 ulikuwa na watoto 116 wenye kifafa sugu cha vyanzo mbalimbali, waliogawanywa kwa kura. 57 walipasuliwa, na 59 waliendelea na dawa. Baada ya mwaka mmoja, mishtuko ilikuwa imekoma kwa 44 wa kundi la kwanza na kwa wanne wa kundi la pili. Wanne kati ya 59! Na hao hawakuachwa bila huduma. Walikuwa wakinywa dawa na kufuatiliwa na wataalamu. Kila ninaposikia kwamba kungoja ndiyo njia salama, hao 55 hunijia akilini.

Gharama yake haifichiki. Watoto 19 waliopasuliwa walipata madhara makubwa, 15 kati yao udhaifu wa upande mmoja wa mwili. Kuna upasuaji wa kuutenga upande mzima wa ubongo ambapo udhaifu huo hutarajiwa tangu mwanzo, na mzazi anayekataa baada ya kuelezwa hivyo ana haki yake. Tena si kila kasoro hukatika. Mtoto ambaye ubongo wake wote umekosa mikunjo hana sehemu moja ya kuondolewa, na displasia ndogo yaweza isionekane hata kwenye picha ya ubongo ya MRI. Wala upasuaji haufuti usonji au uzito wa kujifunza, kwa kuwa kasoro yenyewe yaweza kuvileta, mishtuko iwepo isiwepo.

Hoja ya fedha ndiyo nzito zaidi kwetu. Afrika Mashariki kifafa kingi hutokana na matatizo ya uzazi, malaria ya ubongo na mabuu ya tegu wa nguruwe. Shirika la Afya Duniani linasema robo tatu ya wenye kifafa katika nchi maskini hawapati tiba wanayohitaji. Nakubali: dawa ya kawaida ya kifafa, kama fenobabito, ifike kwanza kwenye zahanati. Lakini hilo halimsaidii mtoto ambaye dawa zimemfikia na zikashindwa. Hata Mbale, Uganda, upasuaji wa kifafa umefanyika katika hospitali ya watoto, ingawa ni ule wa sehemu ya ubongo iliyo upande wa masikioni, ambao kwa kawaida ni mwepesi kuliko wa displasia.

Ulaya kwenye vifaa vyote, watoto 2,623 na watu wazima 6,900 waliopasuliwa walichambuliwa mwaka 2017. Watoto walikuwa wameishi na kifafa kwa wastani wa miaka 5.3, watu wazima miaka 20.1. Miaka mitano ya utotoni ndiyo ya kuongea, kuhesabu na kuanza shule.

Kabla ya kukiita kifafa cha mtoto sugu, daktari aulize kama dawa ilikuwapo kweli, maana duka la hospitali likiwa tupu miezi miwili, dawa haijashindwa. Ila aliyemeza dawa mbili sahihi kwa dozi kamili na bado anaanguka, aandikiwe rufaa kwa daktari wa mishipa ya fahamu mwezi huohuo, pamoja na video ya mishtuko iliyochukuliwa kwa simu ya nyumbani.